Picha za Wanyonge Nazo ni Historia

Ni jambo la kusikitisha kwamba wanafunzi wetu wengi huweza kutaja majina ya magavana wa kikoloni, ilhali jina la Priya Ramrakha hawajapata kulisikia. Mzaliwa huyu wa Nairobi, wa mwaka 1935, alianza kupigia picha gazeti la Colonial Times, mali ya jamaa yake Girdhari Lal Vidyarthi, mhariri aliyewahi kufungwa na wakoloni kwa tuhuma za uchochezi.

Wakati wa Hali ya Hatari, iliyotangazwa Oktoba 1952, Ramrakha aliipeleka kamera yake barabarani, kwa raia waliosumbuliwa. Baada ya masomo mjini Los Angeles, aliingia miongoni mwa Waafrika wa kwanza kuyapigia picha majarida ya Time na Life. Tarehe 2 Oktoba 1968 aliuawa kwa risasi akiwa kazini katika vita vya Biafra.

Kwa miaka mingi picha zake nyingi, nyeusi na nyeupe, zilikaa katika gereji moja jijini Nairobi. Shravan Vidyarthi, wa ukoo huohuo, alizitafuta, na mwaka 2018 zikatolewa kitabu. Lau gereji ile ingalisafishwa mapema, tungalikuwa tumepoteza ushahidi usiopatikana kwingine.

Hapa Kinoo ninakoishi, hasara ya aina hiyo inaendelea. Nyumba za zamani zinabomolewa kupisha majengo ya ghorofa, na picha za wazee zinatupwa pamoja na takataka. Zinazosalia hazina majina. Wanaoweza kuzitambua nyuso hizo, walioonja maisha ya vijiji vya Hali ya Hatari, wanazidi kututoka.

Najua baadhi ya walimu watalalamika kwamba mitihani imewabana, na wanafunzi watasema simu zao zimejaa picha. Lakini simu huhifadhi sura tu. Jina na kisa vyahitaji mtu wa kuuliza. Tena yafaa kuuliza kwa adabu, kwani picha ya mwaka 1954 yaweza kufukua uhasama kati ya jirani na jirani.

Kwa hivyo naomba kila mwanafunzi achukue penseli, akae na nyanya au babu yake, na kuandika nyuma ya picha moja tu: nani, wapi, mwaka gani. Picha yenyewe ibaki nyumbani kwa mwenyewe. Kazi hiyo haihitaji bajeti wala idhini ya wizara, na haiwezi kungoja muhula ujao.