Filamu za Dieudo Hamadi zirudi kwa wenyewe

Filamu ya Congo ikipata sifa Ulaya, wakubwa wa Kinshasa wanapiga makofi. Kesho yake wamesahau inasema nini. Ndivyo ilivyo kwa Dieudo Hamadi, mtoto wa Kisangani aliyezaliwa mwaka wa 1984, aliyesoma udaktari kabla ya kushika kamera.

Mwaka wa 2014, katika "Examen d'État", alionyesha wanafunzi wanaofukuzwa darasani kwa sababu wazazi hawajalipa pesa za walimu. Mwaka wa 2017, "Maman Colonelle" ilimfuata mama afisa wa polisi anayelinda wanawake waliobakwa na watoto walioteswa. Mwaka wa 2020, "En route pour le milliard" ilichaguliwa Cannes. Humo wamo wahanga wa vita vya siku sita, vya Juni 2000, wakati majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana ndani ya mji wa Kisangani. Watu waliokatwa miguu na mikono wanapanda boti, wanateremka mto hadi Kinshasa kudai fidia. Huko wanafungiwa milango.

Wako wanaosema filamu za namna hii zinachafua jina la nchi. Mwaka wa 2015 serikali ilikataza hata filamu ya Mbelgiji Thierry Michel kuhusu Daktari Mukwege, kisha ikaiachilia. Lakini kamera haikumkata mtu mguu. Bomu ndilo lililomkata. Anayeona haya aone haya mbele ya wahanga, si mbele ya picha.

Tena, ushahidi ni pesa. Mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Haki ya La Haye, Congo iliidai Uganda zaidi ya dola bilioni 11. Februari 2022 mahakama ilitoa dola milioni 325 tu, ikisema kwa madai mengi ushahidi hautoshi. Nani alipaswa kuandika majina ya wafu, tarehe na nyumba zilizobomoka? Serikali. Kijana mwenye kamera moja alitunza sauti ambazo ofisi nyingi zilishindwa kutunza.

Basi makofi hayatoshi. Televisheni ya taifa, RTNC, ionyeshe filamu hizi saa ambayo watu wako nyumbani, si usiku wa manane. Ziwekwe katika Kiswahili na Kilingala. Redio za jamii zipewe sauti yake, kwa kuwa katika kambi za wahami redio ndogo inafika mahali ambapo umeme haufiki.

Na familia zilizokimbia Masisi, Rutshuru na Ituri zisingoje mtengeneza filamu. Waandike leo: jina la aliyekufa, kijiji, siku, nani aliona. Watunze karatasi hiyo kama wanavyotunza kadi ya mchaguzi. Wahanga wa Kisangani wamengoja zaidi ya miaka 20. Asiye na ushahidi atangoja zaidi.