Hajapotea, Yuko Jukwaani

Kila Aprili, filamu za mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi zinaporudi kwenye runinga zetu, hapa Nyamirambo, Kigali, nasikia swali lilelile: “Yule dada aliyekuwa mke wa Idris Elba kwenye Sometimes in April kapotelea wapi?” Anayeuliza hana nia mbaya. Lakini ndani ya swali lake mna imani ninayoipinga kwa moyo wote: kwamba mwigizaji asipoonekana kwenye filamu, basi amekwisha.

Dada huyo, Carole Karemera, hajapotea. Alizaliwa Brussels mwaka 1975, mtoto wa Wanyarwanda waliokuwa uhamishoni, na kabla kamera haijamjua alikwisha kushiriki Rwanda 94, tamthilia ya kundi la Groupov la Ubelgiji iliyochukua takriban saa 6. Saa 6! Hakuna kukata na kurudia, hakuna mhariri wa kukusitiri ukikosea. Filamu zilifuata: hiyo Sometimes in April ya mwongozaji Raoul Peck mwaka 2005, Sounds of Sand 2006, Juju Factory 2007. Hapo ndipo wenye kuhesabu filamu wanapofunga daftari.

Mimi ndipo ninapolifungua. Mwaka huohuo wa 2007, yeye na wanawake wenzake walianzisha kituo cha sanaa cha Ishyo hapa Kigali. Ishyo kwa Kinyarwanda ni kundi la ng’ombe, wazee wetu husalimiana “Amashyo!”, wakitakiana mifugo tele. Kituo hicho kimewaandalia watoto michezo ya kuigiza, kikawapelekea na vitabu kwa basi. Mwaka 2015 Karemera alipopanda jukwaa la ukumbi wa Bouffes du Nord, Paris, katika tamthilia ya Battlefield ya Peter Brook, waigizaji walikuwa wanne tu, naye akiwamo. Huyo ndiye aliyekwisha?

Kuna jambo jingine linaniuma. Filamu za wageni kuhusu Rwanda humtafuta mwanamke wetu zaidi pale anapolia, anapokimbia, anapofiwa. Machozi hayo ni yetu na yana haki ya kuonekana. Ila kwa nini msanii ahesabiwe heshima kwa idadi ya mara alizoitwa kulia? Jukwaani kwake anachagua mwenyewe la kusema, na wa kumwambia.

Kwamba msanii asiyeonekana kwenye filamu hajaisha, Wabrazili wanalijua. Mwigizaji wao Fernanda Montenegro alianza jukwaani mwaka 1950. Dunia ikaja kumtambua 1998 kwa filamu ya Central do Brasil, akikaribia miaka 70. Miaka yote ya katikati alikuwa kazini, jukwaani na kwenye tamthilia za runinga ya kwao, na watu wake walikuwa wanamtazama.

Kwa hiyo, ndugu yangu, siku ukisikia Ishyo wana onyesho, mchukue mwanao muende. Mkae mbele.