WASICHANA WA GARUT NA MAGITAA YAO



Mwaka 2014 huko Garut, Java Magharibi nchini Indonesia, wasichana watatu wa madrasa moja waliunda bendi, Voice of Baceprot. Neno hilo la mwisho kwa Kisunda ni kelele, na kelele kweli! Wakiwa na hijabu zao wanapiga muziki wa metali, na Juni 2024 walipanda jukwaa la Glastonbury, Uingereza.

Mimi muziki ule siuungi mkono. Maulamaa wamekhitilafiana kuhusu ala, nami nimo upande wa wanaokataza. Lakini wapo Waislamu wenzetu waliowatukana wasichana wale, hata kuwatishia maisha. Hiyo ndiyo nasaha?

Tena tusikilize wanachokiimba. Wimbo wao mmoja, "School Revolution", unalalamikia elimu inayobana fikra za mwanafunzi. Hapo niliguswa mimi mwalimu. Binti akiuliza darasani nikamjibu "nyamaza, andika", swali lake atalipeleka wapi?

Basi mwaka huu, inshaallah, robo saa ya mwisho ya somo langu la Fiqhi ni ya maswali, na wasichana watatangulia.