Kubandika si Kufikisha: Hati za Madai ya Serikali katika Mji wa Kale, Mombasa

Mdaiwa wa serikali anaposimama kortini na kusema hakufikishiwa hati, wengi humwona mkwepaji aliyekosa la kujibu kuhusu deni akakimbilia utaratibu. Dhana hiyo ina chembe ya ukweli. Wadaiwa sugu wapo, na Kaunti ya Mombasa haiwezi kuzoa taka pasi na fedha, zikiwemo kodi za ardhi inazoruhusiwa kutoza na Ibara ya 209 ya Katiba. Hata hivyo, ukiutazama Mji wa Kale na mitaa jirani ya kisiwani, utaona kwamba pingamizi hilo mara nyingi lina haki, na kwamba ni suala la lugha kama lilivyo la sheria.

Litazamwe kwanza neno lenyewe. Mfasiri aliyetekwa na Kiingereza aweza kuandika "kutumikia hati". Mswahili husema "kumfikishia mtu hati". Kitenzi hicho kimo katika kauli ya kutendesha, na hakitimii mpaka kitu kifike. Sheria ya zamani ya kodi za ardhi, Sura ya 267, iliyofutwa mwaka 2024, ilihesabu siku 14 za kulipa tangu mdaiwa alipofikishiwa dai. Barua iliyotiwa katika sanduku la posta la marehemu imetumwa, haijafika.

Na marehemu ni wengi katika hatimiliki. Nyumba ya Kibokoni au Ndia Kuu yaweza kuwa bado kwa jina la babu, mirathi haijagawanywa, na warithi wametawanyika hadi Maskati na London. Nyingine ni za wakfu. Huko Majengo upo mtindo wa nyumba bila ardhi: kiwanja ni cha mmoja, nyumba ni ya mwingine. Kodi hudaiwa mwenye ardhi. Akinyamaza, mwenye nyumba huenda asijue lolote mpaka amwone dalali mlangoni.

Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010, Agizo la 5, zinataka samansi akabidhiwe mdaiwa mwenyewe au wakala wake. Asipopatikana, apewe mtu mzima wa jamaa anayeishi naye. Juhudi za dhati zikishindikana, ndipo nakala hubandikwa kwenye mlango wa nje. Sasa tarishi apiga hodi mara moja, ajibiwa na sauti ya mwanamke aliye peke yake ndani, aona haya kungoja, ampa karatasi mtoto anayecheza barazani. Hajafikisha. Akibandika kwenye mlango wa nakshi na kwenda zake, pia hajafikisha, maana hakuna juhudi aliyoifanya. (Gundi juu ya nakshi ni kosa jingine, ila hilo si la hakimu.) Kwa sababu hiyo korti ina uwezo wa kumhoji tarishi kwa kiapo.

Mwaka 2016 Mahakama ya Rufaa iliyoketi Mombasa ilieleza, katika shauri la watu binafsi, kwamba hukumu iliyopatikana bila mdaiwa kufikishiwa samansi hufutwa kwa haki yake, wala haulizwi kwanza kama ana utetezi. Serikali haina sababu ya kudai kipimo chepesi zaidi.

Lakini kanuni hizo zinashughulika na mkono uliopokea. Hazisemi iwapo macho yalielewa. Ibara ya 7 ya Katiba inataja Kiswahili kuwa lugha rasmi sambamba na Kiingereza, na mahakama za mahakimu huruhusiwa kukitumia. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015 inataka ilani ya mapema na ya kutosha. Je, ilani ya Kiingereza yamtosha bibi asomaye Kiswahili pekee? Mawakili hubishana kuhusu tarehe na sahihi. Swali hili hawalibishanii vya kutosha. Tanzania ilikifanya Kiswahili lugha ya sheria na mahakama mwaka 2021.

Kaunti haihitaji kungoja Bunge. Ukurasa mmoja wa Kiswahili sanifu watosha kuanzia: nani anadaiwa, kiwanja kipi, shilingi ngapi, siku ngapi, na aende wapi anayepinga. Wanafunzi wa tafsiri vyuoni wanaweza kuuandaa kwa wiki moja.