Tabora Haina Bahari, Lakini Ina Deni



Majuzi, baada ya Misa ya Dominika, mkulima mmoja wa tumbaku alinisubiri nje ya kanisa. Katika mahubiri nilikuwa nimetaja matumbawe yanayokufa katika Bahari ya Hindi. "Padre," akaniambia, "sisi tuko Tabora, bahari iko Bagamoyo. Hayo matumbawe yanatuhusu nini?" Wenzake wakacheka, nami nikacheka. Lakini swali lake lilinifuata hadi chumbani, na leo nalijibu.

Matumbawe si mawe. Ni wanyama wadogo sana wanaoishi kwa maelfu pamoja na kujijengea nyumba ya chokaa. Ndani ya miili yao hukaa viumbe wa jamii ya mwani, ambao huwapa chakula na rangi. Maji yakizidi joto kwa majuma kadhaa, hata kwa nyuzi moja tu kupita kawaida ya kiangazi, ushirika huo huvunjika. Mwani hutoka, matumbawe hupauka kama mifupa, na joto lisipopungua hufa. Miamba hiyo haifiki asilimia 1 ya sakafu ya bahari, lakini ni makazi ya karibu robo ya aina zote za viumbe wa baharini. Mvuvi wa Mafia, Kilwa na Tanga huishi kwa samaki wanaokulia humo.

Mwaka 1998 joto la El Niño liliua matumbawe mengi ya pwani yetu. Mmoja wa waliojitoa kufuatilia msiba ule ni Mkenya David Obura, mwanabiolojia wa bahari na mkurugenzi mwanzilishi wa CORDIO Afrika Mashariki, taasisi yenye makao Mombasa. Kazi yao ni kupiga mbizi, kuhesabu kilicho hai na kilichokufa, kisha kurudi tena kuhesabu. Desemba 2021 yeye na wenzake walitangaza kwamba miamba ya matumbawe ya magharibi yote ya Bahari ya Hindi imo katika hatari ya kuporomoka ndani ya miaka 50, kwa sababu ya joto la bahari na uvuvi uliopita kiasi.

Pale Kipalapala tulifundishwa utafiti wa dhamiri kila jioni. Naona ni kazi ileile: kushuka chini, kuhesabu bila kujidanganya, na kurudi kesho yake.

Sasa nirudi kwa rafiki yangu. Babu zetu walitembea zaidi ya kilomita 800 hadi pwani wakiwa wapagazi. Walirudi na nguo, shanga na makombe ya baharini, na watemi walivaa vipande vya makombe hayo kama alama ya utawala. Basi bahari ilifika Unyamwezi zamani, mabegani mwa watu. Lakini njia ileile ilipitisha pembe za ndovu na watumwa. Aliyekaa Ulaya au Marekani akipiga piano yenye vibao vya pembe hakumwona aliyeibeba, wala aliyeanguka njiani. Umbali ulimfariji, haukumsafisha.

Leo ni zamu yetu kufarijiwa na umbali. Tunakata miombo ili kukausha tumbaku, kupata mkaa na kuchoma matofali. Moshi wake hauhitaji mpagazi. Hewa ya ukaa haikai Urambo wala Sikonge. Inaungana na ya dunia nzima, na zaidi ya asilimia 90 ya joto la ziada huishia baharini. Mtaniambia nchi tajiri zimechafua kuliko sisi mara nyingi mno. Ni kweli, nazo zina la kujibu mbele ya Mungu. Lakini katika kitubio hatuungami dhambi za jirani.

Nami naungama yangu. Nilipojenga nyumba ya mapadre nilitumia matofali ya kuchoma. Magogo yaliingia lori baada ya lori, nikalibariki tanuru, na sikupanda mti hata mmoja. Mzee mmoja mrina asali ndiye aliyenisahihisha: "Padre, miti ile ilikuwa nyumba ya nyuki wangu."

Baba Mtakatifu Fransisko, katika Laudato Si' ya mwaka 2015, aliilinganisha miamba ya matumbawe na misitu mikubwa ya nchi kavu. Anayeuangamiza msitu mmoja anaugusa na mwingine.

Kwa hiyo napendekeza tuanze kuhesabu. Kila jumuiya ndogo ndogo ijue miti iliyokata na iliyopanda mwaka huu. Parokia zijenge kwa matofali ya kufungamana yasiyochomwa. Mkulima wa tumbaku atumie bani la kisasa linalokula kuni kidogo, na apande kabla ya kukata.

Mungu alipomuuliza Kaini habari za ndugu yake, hakupokea jibu la "hainihusu". Rafiki yangu, tuonane Jumapili. Njoo na hesabu yako, nami nitakuja na yangu.