Tundu la tangi: pima konekta kwanza, ndipo utoboe

Msimu wa mvua ukikaribia, familia nyingi hununua tangi la plastiki la kukingia maji ya paa. Tangi likishafika nyumbani hubaki kazi moja ndogo, lakini inayoweza kuliharibu kabla halijaingia hata ndoo moja: kutoboa tundu la kutolea maji.

Wapo wanaopasha bomba la chuma kwenye mkaa na kuchomea plastiki. Tundu hupatikana, ila ukingo wake huvimba na kupinda, raba ya konekta hailali sawasawa, na maji huvuja usiku na mchana. Kifaa cha kazi hii ni msumeno wa duara, ule wenye umbo la kikombe, meno mdomoni na kekee nyembamba katikati. Hufungwa kwenye drili.

Mambo huharibika dukani. Mzazi anasema, “Bomba langu ni la robo tatu,” naye anapewa msumeno wa robo tatu. Robo tatu ya inchi ni milimita 19, lakini upana wa nje wa nyuzi za bomba hilo ni zaidi kidogo ya milimita 26. Za nusu inchi ni karibu 21, na za inchi moja ni 33. Kwa hiyo jina la bomba si kipimo cha tundu. Konekta nazo hutofautiana. Nunua konekta kwanza, pima kwa vernia sehemu itakayopita kwenye tangi, kisha chagua msumeno unaoizidi kwa milimita moja au mbili. Tundu dogo utaliongeza kwa tupa; likizidi, hakuna wa kulipunguza. Maji yakimwagika hayazoleki.

Angalia pia meno. Misumeno ya kawaida ya seti hutosha kwa plastiki, mbao na jipsamu. Sinki la chuma linahitaji meno magumu zaidi, yale ya kukatia chuma. Vigae vinataka msumeno wenye chembe za almasi, unaopozwa kwa maji, na drili isiwekwe kwenye mgongo wa nyundo.

Kabla ya kugusa tangi, toboa kwanza kwenye mfuniko wa ndoo iliyopasuka, kisha pitisha konekta. Ikiingia bila kulazimishwa na bila kuchezacheza, endelea. Tangi liwe tupu. Chagua sehemu bapa, sentimita chache juu ya sakafu ya tangi ili tope lisiingie kwenye bomba. Weka alama, shika drili kwa mikono miwili na uiendeshe polepole. Msumeno ukinasa, drili hugeuka ghafla na inaweza kuumiza kiganja. Usisukume kwa nguvu. Yaache meno yafanye kazi.

Vaa miwani ya kazi. Vua pete, funga nywele, na usivae kanga inayoning'inia wala glavu pana, kwa sababu kinachozunguka huvuta kila kilicho karibu. Mtoto mkubwa anaweza kukusaidia kupima na kuandika vipimo, na hapo atajifunza hesabu kwa vitendo. Drili ikianza kulia, asogee mbali. Usitoe kipande kilichobaki ndani ya kikombe kabla ya kuchomoa waya au betri. Nacho huwa cha moto.

Mwisho, lainisha ukingo kwa kisu au msasa, kisha ingia kwa mkono au kwa kitambaa uondoe vumbi lote la plastiki lililoanguka ndani. Maji hayo ndiyo yatakayopikia uji wa watoto. Funga konekta, raba ikigusa ukuta wa tangi, kaza nati kwa kiasi, kisha jaza maji yapite tundu kidogo tu. Subiri saa moja. Kukiwa kukavu, jaza tangi lote.