Usimfungie ndugu yako kwenye siku aliyokukosea



Mwaka 1966 mwandishi Mmarekani, Larry Niven, alitoa riwaya ya kisayansi iitwayo World of Ptavvs. Ndani yake kuna kifaa cha kubuni chenye uwezo wa kusimamisha muda. Kitu kikifungiwa humo hakiozi, hakizeeki wala hakishiki kutu. Nje miaka inapita, lakini ndani haipiti hata sekunde moja.

Katika riwaya hiyo yumo kiumbe wa sayari nyingine aitwaye Kzanol, ambaye watu wake walitawala viumbe wengine kwa kuziteka akili zao. Chombo chake cha angani kinapoharibika, anajifungia ndani ya kifaa hicho akitumaini kuokolewa. Haokolewi. Anakaa hapa duniani, chini ya bahari, zaidi ya miaka bilioni moja. Siku anapotoka, watu wake wamekwisha wote na utawala wao umekwisha. Lakini yeye anaamka na tamaa ileile ya kutawala. Kifaa kilimhifadhi salama, na ubaya wake nao kikauhifadhi salama.

Utaniambia kifaa kama hicho hakipo. Ndugu yangu, kipo. Mimi nilikuwa nacho moyoni kwa miaka 11.

Nilimtumia mdogo wangu fedha za kununua mabati ya kuezeka nyumba ya mama yetu. Alizitumia kwa mambo yake. Kila nilipouliza, alinipa maneno. Masika yakaja, mama akawa anahamisha kitanda chake kutoka kona moja hadi nyingine akikwepa maji. Kabla ya masika yaliyofuata alifariki, chini ya paa lilelile linalovuja. Siku ya mazishi nilimwambia mdogo wangu kwamba tangu siku hiyo mimi sina ndugu. Alipopiga simu sikupokea. Baadaye akaacha kupiga.

Mwaka jana baba mdogo alifariki, ikanilazimu kwenda kijijini. Nilipita mbele ya nyumba ya mama na kuikuta imeezekwa mabati. Wala hayakuwa mapya. Yalikuwa yameanza kushika kutu. Nikamuuliza jirani nani aliyeezeka. Alinishangaa. "Si mdogo wako? Aliuza ng'ombe wake. Mbona ni miaka mingi sasa."

Msibani mzee mmoja mwenye mvi alinijia taratibu akichechemea. "Shikamoo, kaka." Nilichelewa kuitikia, maana sikumtambua. Kijana niliyekuwa nikigombana naye moyoni kila usiku hakuwapo tena. Nilikuwa nimemfungia katika siku ile ya mazishi, hazeeki, hajutii, halipi. Kumbe nje ya moyo wangu Mungu alikuwa anaendelea kufanya kazi ndani yake, mpaka mabati ya toba yake yakashika kutu bila mimi kuyaona.

Soma Mwanzo sura ya 27 hadi 33. Yakobo alimdanganya baba yake Isaka akachukua baraka ya Esau, kisha akakimbia kwa sababu kaka yake alikusudia kumuua. Alikaa kwa Labani miaka 20. Aliporudi, akasikia kwamba Esau anakuja na watu 400. Akaogopa sana. Akaigawa familia na mifugo yake makundi mawili, ili moja likipigwa lingine lipone. Akatanguliza zawadi ya mbuzi, kondoo, ngamia, ng'ombe na punda, wanyama zaidi ya 500. Maandalizi yote hayo yalikuwa kwa ajili ya Esau wa miaka 20 iliyopita. Esau aliyekuja barabarani alimkimbilia mdogo wake, akamkumbatia, wakalia wote wawili.

Angalia kwamba hapa mwenye kosa ndiye aliyekuwa amefungiwa katika hofu. Hata mkosaji humfungia aliyemkosea katika hasira ya siku ile, akashindwa kumwendea. Huenda leo kuna mtu anakukwepa, naye hajui kwamba ulishamsamehe zamani. Mwambie.

Sisemi kosa si kosa. Mama yangu alinyeshewa, na hakuna bati litakalorudisha usiku ule. Wala sisemi kwamba ukisamehe lazima ujirudishe mikononi mwa mtu ambaye bado anakuumiza. Hata Esau na Yakobo, baada ya kukumbatiana, hawakukaa pamoja; mmoja alirudi Seiri, mwingine akaenda Sukothi. Ninachosema ni hiki: usimhukumu mtu wa leo kwa mtu wa jana kabla hujamtazama usoni. Hukumu isiyotaka kujua mtu amekuwaje ni jeuri, hata ikianzia kwenye haki.

Tena Mungu hakutukataza kuhifadhi. Katika Kutoka sura ya 16, mana iliyolazwa kinyume cha agizo iliota mabuu na kunuka. Lakini Bwana aliagiza pishi moja ya mana iwekwe katika chombo, itunzwe kizazi hata kizazi, ili wana wa Israeli waone chakula walicholishwa jangwani. Alichotaka kitunzwe ni ushahidi wa wema wake. Na wewe tunza hilo: siku uliyosaidiwa, siku uliyosamehewa. Likitunzwa hilo, kinyongo kitakosa nafasi.

Leo unapokwenda kanisani na sadaka yako, kumbuka agizo la Yesu katika Mathayo sura ya 5: ukikumbuka madhabahuni kwamba ndugu yako ana neno juu yako, iache sadaka, uende kwanza mkapatane. Kwa wengi wetu safari hiyo sasa ni namba ya simu tu. Piga leo. Mimi nilichelewa miaka 11, na ni neema tu kwamba nilimkuta mdogo wangu hai. Pale msibani niliitikia marahaba, nikashindwa kuongeza neno. Yeye akanivutia kiti.